Anayekata Picha za Tembo Naye Ana Amri ya Nane



Tukitazama filamu ya wanyamapori, tunamsifu mpiga picha aliyekaa porini miezi mingi. Mara chache tunamkumbuka mhariri, yule anayekaa mbele ya kompyuta akichagua picha zipi zibaki na zipi zitupwe. Naamini kazi yake ni ya dhamiri kabla ya kuwa ya ufundi.

Kuchagua si dhambi. Hata sauti ya fisi akivunja mfupa mara nyingi hutengenezwa studio, kwa kuwa kamera ilikuwa mbali. Mtakatifu Augustino alifundisha kwamba uongo umo katika nia ya kudanganya. Nia hiyo ilionekana katika White Wilderness, filamu ya Disney ya mwaka 1958. Ilionyesha wanyama wadogo kama panya, waitwao lemingi, wakijitosa majini kana kwamba wanajiua. Mwaka 1982 televisheni ya Kanada ilifichua kuwa watengenezaji ndio waliowasukuma. Filamu hiyo ilikuwa imeshapata tuzo ya Oscar, na hadi leo wapo wanaoamini hadithi ile.

Lakini hatari kubwa zaidi ni kuacha. Mwaka 1959 ilitoka filamu ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael kuhusu Serengeti. Michael alikufa katika ajali ya ndege Januari mwaka huo, akiwa na miaka 24. Filamu yao nayo ilipata Oscar, ikaifanya dunia iipende Serengeti, na kwa hilo tunawashukuru. Hata hivyo, mwaka huohuo Wamaasai walihamishwa kutoka Serengeti. Watazamaji wangapi wa Ulaya walilijua hilo?

Tuje kwetu Ruvuma. Ushoroba wa Selous–Niassa unapita Namtumbo na Tunduru. Filamu ya tembo wa huko inaweza kuwa na picha za kweli tupu, lakini ikimwondoa mama anayekesha shambani akipiga debe ili mahindi yake yasiliwe, ukweli umekatwa nusu.

Wapo watakaosema kwamba watalii wanataka tembo, si malalamiko, na kwamba tukionyesha hasara watu watamchukia mnyama. Sikubaliani nao. Katika Laudato Si' (2015), Papa Fransisko alitufundisha kusikiliza kilio cha dunia pamoja na kilio cha maskini. Anayejua gharama ya kuishi na tembo atamheshimu tembo, na atamheshimu zaidi jirani anayeilipa gharama hiyo.

Kwa hiyo, wazazi, kijana akitaka kujifunza uhariri wa filamu msimwambie kuwa huo ni mchezo. Na vijana wa VIWAWA na TYCS, simu mnazo na programu za bure zipo. Anzeni na shamba la jirani. Mkifika kwenye kukata, jiulizeni: huyu ninayemwondoa, ningeweza kumwonyesha filamu hii akiwa ameketi mbele yangu?