Mheshimiwa Waziri, manjanja yangu yanaota kutu

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Mambo ya Ardhi, Kinshasa

Mheshimiwa,

Sisi tulionunua parseli hapa Kabambare kwenye shamba lenye kesi tumeomba korti ituingize ndani ya kesi hiyo, pamoja na ndugu wawili wanaoligombania.

Kesi ilianza kabla hatujanunua. Ofisi iliyotupimia na kupokea pesa zetu (jina lake naliachia korti) ilikuwa na barua ya korti ndani ya faili. Tumeiona kwa macho: ina mhuri wa kupokelewa, na tarehe yake imetangulia risiti zetu. Hakuna aliyetuambia neno. Labda walichelea kutuharibia furaha.

Sasa ujenzi umekatazwa. Ukuta wangu umefika juu ya madirisha, umesimama hapo. Manjanja niliyoyatoa Kasongo kwa pikipiki yamelala chini ya turubai yanaota kutu, nami naendelea kulipa kodi kwa mwenye nyumba. Tofali zenyewe ni za kukausha juani. Mvua imeshazila pembe.

Kesi hii hatukuitamani. Tukikaa pembeni, hukumu itatoka bila sisi, halafu tuanze kesi nyingine ya kuipinga. Ndiyo maana tunamlipa wakili, tunalipa gharama za korti, tunalipa pikipiki, tuipiganie ardhi tuliyokwisha kuilipia. Na manjanja yanaota kutu.

Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 unaijua kuliko sisi. Kifungu cha 53 kinasema ardhi ni mali ya Serikali peke yake. Kifungu cha 219 kinasema bila sertifika ya uandikishaji, mtu hana haki juu ya kiwanja. Sawa. Ardhi yenu, karatasi yenu, mhuri wenu. Hasara tu ndiyo yetu? Kifungu cha 389 nacho kiliahidi agizo la Rais la kupanga haki za wenyeji juu ya ardhi zao. Nusu karne ikapita bila agizo hilo kutoka. Katika pengo hilo ndugu wawili wanauza shamba moja la ukoo, kila mmoja kwa wateja wake, na ofisi inawapimia wote bila ubaguzi. Nchi nzima inaishi hivyo, Mheshimiwa, na mahakama zimejaa sisi.

Tunaomba faili yenye kesi iandikwe hivyo juu ya jalada, na ofisi isipokee hata faranga moja mpaka hukumu itoke. Waliopokea pesa zetu waitwe kortini, wakae benchi moja na sisi, waeleze kama barua ile waliisoma au waliifungia karanga. Pesa za kupima tunazidai pia.

Ukituma mkaguzi, tafadhali aje na ufunguo wa kabati la faili. Tulipoomba nakala ya barua ile, tuliambiwa mwenye ufunguo amesafiri.

Mnunuzi mmoja wa parseli,
Kabambare, Maniema