NDOA SI KISA CHA NUSU SAA



Ndugu yangu, dada yangu, iko tamthilia ya Kimarekani inaitwa Modern Love. Msimu wa kwanza ulitoka 2019, vipindi 8, na visa vyake vimetokana na safu ya mapenzi ya gazeti la New York Times iliyoanza 2004. Kila kipindi ni kama nusu saa na watu wapya. Wanapendana, wanagombana, wanalia, muziki unapigwa, kimekwisha.

Sisemi yote ni uongo. Wamo mume na mke wanaocheza tenisi ili ndoa yao isife. Hilo ni jambo la kweli. Lakini jiulize: miaka yao mingine iko wapi? Imekatwa! Ada ya shule, mtoto kuchemka homa usiku, kodi ya nyumba, hayana utamu kwenye skrini. Na ndoa ni hayo hayo!

Hapa ndipo dhulma inapoingia. Saa sita usiku unazima simu, unamtazama mwenzio aliyelala hoi kwa kazi, unasema moyoni: "Huyu hanipendi." Umempima kwa mizani ya nani?

Kisha unadai hisia zimekwisha. Wallahi, Allah hakuijenga ndoa juu ya hisia peke yake. Rejea Surat Ar-Rum, aya ya 21: ametaja mapenzi, akataja na rehema. Mapenzi yakichoka, rehema inashika zamu.

Mtume (s.a.w.) alishindana mbio na Bi Aisha (r.a.), akashindwa. Baadaye wakashindana tena, akashinda, akamtania kwamba sasa wamelipana. Na Bi Khadija (r.a.) alipokwisha kufariki, Mtume akichinja aliwapelekea nyama rafiki zake. Mke yuko kaburini, bado anaenziwa! Wewe wako yuko chumba cha pili, salamu yake hujaiitikia.

Anayepigwa au kunyimwa haki simwambii avumilie. Huyo aende kwa wazee, aende kwa kadhi. Nasema na wewe unayetaka kuvunja nyumba kwa sababu haifanani na filamu.

Usiku wa leo weka simu chini. Muulize mwenzio: "Umeshindaje?" Nyamaza mpaka amalize.

Allah azitie rehema nyumba zetu. Aamin. Mfikishie na mwenzako.