TAMKO LA TAWI: BAHASHA SI MSHAHARA



Mwandishi wa gazeti akija Tukuyu kufuatilia bei ya chai au parachichi, mara nyingi hana mkataba. Hulipwa kwa habari iliyochapishwa. Isiyochapishwa, nauli imekula kwake. Basi anayemlipia nauli ndiye anayeandikwa. Tusijitoe: hata sisi tumewahi kutoa bahasha.

Kumlaumu mwandishi hakusaidii. Anahitaji chama cha wafanyakazi. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inaruhusu wafanyakazi 20 kuanzisha chama, na inakataza mtu kufukuzwa kwa sababu ya uanachama. Waandishi tayari wanacho, JOWUTA. Lakini bila mkataba, mwajiri husema huyu si mfanyakazi wangu, na ulinzi huo unapotea.

Vijana wetu wanaofanya kazi za mtandaoni wamo humo humo. Nairobi, tarehe 1 Mei 2023, wafanyakazi zaidi ya 150 wanaochuja maudhui ya Facebook, TikTok na ChatGPT walipiga kura kuunda chama chao.

Msimamo wa tawi:
1. Mkataba wa maandishi kwa kila mwandishi, hata wa mkoani.
2. Mwanachama mwenye kijana kwenye kazi hizi amhimize adai mkataba na ajiunge na chama.
3. Kikao kijacho kijadili kuacha bahasha. Tunajua itamuuma mwandishi kwanza, ndiyo maana namba 1 imetangulia.



Katibu wa Tawi
Tukuyu, Rungwe