Ufaransa: Chamonix, mji wa theluji unaopigania wakaaji wake

Chamonix, mji mdogo ulio chini ya mlima Mont Blanc, kusini-mashariki mwa Ufaransa, umechukua uamuzi ambao miji mingine ya milima ya Alps inautazama kwa makini. Katika maeneo yaliyotengwa kwa ujenzi, kila nyumba mpya lazima iwe makao ya kudumu ya mtu mwenye kuishi hapo mwaka mzima. Nyumba mpya za likizo hazitakubaliwa tena. Baraza la mji lilipitisha hatua hiyo mwaka wa 2025, miezi michache baada ya bunge la Ufaransa kupiga kura ya sheria ya Novemba 2024 inayoruhusu miji yenye nyumba nyingi za likizo kufanya hivyo.

Sababu inaonekana kwa macho. Karibu nyumba 7 kwa kila 10 za Chamonix si makao ya mtu. Ni za watu wa Paris, wa London, wa Geneva na kwingineko, wenye kuja wiki chache za majira ya baridi na wiki chache za majira ya joto. Siku nyingine madirisha yanabaki yamefungwa. Wakaaji wa kudumu, waliokaribia 10,000 mwishoni mwa miaka ya 1990, sasa ni chini ya 9,000. Kwa hiyo mji unajulikana dunia nzima, lakini mwalimu wa shule yake, muuguzi wa hospitali yake au kijana mwenye kuhudumia meza katika hoteli zake anaweza kukosa chumba cha kulala. Wengi wanapanga vijiji vya chini ya bonde na kupanda kila asubuhi kwenda kazini. Wengine, hasa vijana wa kazi za msimu, wanalala ndani ya magari yao, na usiku wa Januari huko baridi haina huruma.

Msomaji wa Goma au Bukavu anaweza kushangaa kusikia kwamba Chamonix iko kwenye mita 1,035 tu, chini kabisa ya miji hiyo miwili. Theluji inakuja kwa sababu mji uko mbali sana na ikweta, na kwa sababu milima inayouzunguka inapanda ghafla hadi mita 4,800 na zaidi. Bonde ni jembamba. Hakuna pahali pa kupanua mji: upande huu mwamba, upande ule barafu, na sehemu nyingine ni njia za maporomoko ya theluji ambako kujenga kumekatazwa. Kiwanja kilichobaki kinagombaniwa, na anayeshinda ni mwenye pesa.

Zamani hakuna mtu aliyegombania bonde hilo. Mwaka wa 1091 mtawala wa Geneva aliwapa watawa Wabenedikto ardhi yote, na kwa karne nyingi wakulima wake waliishi kwa ng'ombe, jibini na shayiri kidogo. Mlima ulikuwa kitu cha kuogopwa. Katika karne ya 17 hali ya hewa ya Ulaya ilipoa, na mito ya barafu ikaanza kushuka kutoka juu, ikala mashamba na kufunika vijiji vizima. Mwaka wa 1644 askofu msaidizi Charles de Sales alipanda na mamia ya wakaaji kwa maandamano ya sala, akabariki barafu ili irudi nyuma. Leo wajukuu wa watu hao wanasikitika kwa sababu ya kinyume: barafu inarudi nyuma, na hakuna anayejua kuisimamisha.

Kilichobadilisha maisha ya bonde ni wageni. Waingereza wawili, Windham na Pococke, walifika mwaka wa 1741, wakapanda kutazama mto mkubwa wa barafu, na jina tulilonalo leo, Mer de Glace, yaani Bahari ya Barafu, linatokana na safari hiyo. Kisha alikuja mwanasayansi wa Geneva, Horace-Bénédict de Saussure, aliyeahidi zawadi kwa yeyote atakayepata njia ya kufika kileleni. Zaidi ya miaka 20 ilipita. Tarehe 8 Agosti 1786, watu wawili wa Chamonix walisimama juu ya Mont Blanc: Jacques Balmat, mtafutaji wa mawe ya kioo, na Michel-Gabriel Paccard, daktari wa mji.

Hapo ndipo ugomvi wa kwanza wa utalii ulipoanza. Mwandishi mmoja wa Geneva, Marc-Théodore Bourrit, aliyeshindwa kufika kileleni mwenyewe, aliandika kana kwamba Balmat ndiye aliyefanya kazi yote na daktari alikokotwa tu. Habari hiyo ilienea. Mji ulipojenga sanamu mwaka wa 1887, uliwaweka Balmat na Saussure, yule akimwonyesha huyu kilele kwa kidole. Paccard hakuwekwa. Alingoja hadi 1986, miaka 200 baada ya kupanda, kupata sanamu yake, ingawa watafiti walikuwa wamekwisha kusafisha jina lake zamani. Na mwanamke wa kwanza kufika juu, mwaka wa 1808, alikuwa Marie Paradis, mtumishi wa bonde hilo hilo.

Mwaka wa 1820 waongozaji watatu walikufa katika maporomoko ya theluji, wakati wa safari ya daktari Hamel kutoka Urusi. Mabaki yao yalianza kutokea chini ya mto wa barafu wa Bossons miaka 41 baadaye, barafu ilipokwisha kuyashusha polepole. Mwaka mmoja baada ya ajali, 1821, wenzao waliunda Kampuni ya Waongozaji ya Chamonix, ambayo bado inafanya kazi. Waliweka mfuko wa kusaidia familia za waliofariki, na utaratibu wa zamu: mgeni akija, anampata mwongozaji ambaye zamu yake imefika, hata kama alitaka mwingine. Wageni walilalamika sana, lakini kwa njia hiyo kila familia ya bonde ilipata riziki. Kampuni ilikuwa ya wenyeji peke yao. Mtu wa kwanza kutoka nje kukubaliwa, Roger Frison-Roche, aliingia mwaka wa 1930. Kwa maneno mengine, swali la nani anakula kutokana na mlima lina miaka 200 huko. Zamani lilihusu kazi, leo linahusu nyumba.

Ujuzi wa milima hiyo ulifika hata kwetu. Mwaka wa 1906 mtu wa ukoo wa kifalme wa Italia, Duke wa Abruzzi, alipopanda vilele vya Rwenzori, aliongozwa na watu wa Courmayeur, mji wa wasemaji wa Kifaransa ulio upande wa pili wa Mont Blanc, nchini Italia. Kilele cha Margherita, mita 5,109, ambacho mtu wa Mutwanga anakiona asubuhi mawingu yakifunguka, kilifikiwa mara ya kwanza na safari hiyo.

Savoie, jimbo la Chamonix, liliingia Ufaransa mwaka wa 1860 tu. Njia ya reli ilifika 1901, na treni ya Montenvers ikaanza kupandisha watalii hadi Mer de Glace miaka michache baadaye. Hadi wakati huo msimu ulikuwa wa majira ya joto. Wakati wa baridi hoteli zilifungwa. Michel Payot, daktari mwingine wa mji, ndiye aliyeeneza matumizi ya ski, akizivaa kwenda kuwaona wagonjwa wake. Kuanzia tarehe 25 Januari hadi 5 Februari 1924, Chamonix ilipokea wanamichezo wa nchi 16 kwa kile kilichoitwa Wiki ya Kimataifa ya Michezo ya Baridi. Baadaye tu Kamati ya Olimpiki ilikubali kwamba hiyo ilikuwa Olimpiki ya kwanza ya Majira ya Baridi.

Baada ya hapo mji ulijengwa kuelekea juu. Teleferiki ya Aiguille du Midi, vibanda vinavyovutwa kwa kamba za chuma, ilifunguliwa 1955 na inafikisha mtu kwenye mita 3,842 kwa dakika chache. Mwaka wa 1965 ilifuata tuneli ya kilomita 11.6 chini ya Mont Blanc hadi Italia. Ilileta biashara, na pia malori na moshi wake katika bonde lenye hewa isiyotoka kwa urahisi. Tarehe 24 Machi 1999 lori lililobeba unga na margarini lilishika moto ndani ya tuneli. Watu 39 walikufa. Barabara ilifungwa miaka mitatu, na ilipofunguliwa tena wakaaji wengi waliandamana kupinga kurudi kwa malori.

Leo tishio kubwa halina moshi unaoonekana. Mwaka wa 1988, mtu aliyeshuka kwa kibanda cha Montenvers alihitaji ngazi 3 tu kukanyaga barafu ya Mer de Glace. Miaka iliyofuata ngazi ziliongezwa moja moja hadi zikapita 500. Mapema 2024 teleferiki mpya ilifunguliwa, mbali zaidi upande wa juu, kuifuata barafu. Wakosoaji waliuliza kwa nini pesa zitumike kufukuza kitu kinachokimbia. Wenye hoteli walijibu kwamba watalii wanakuja kuona barafu kabla haijaisha. Wote wawili wana haki, na hilo ndilo linalosumbua: hata kuyeyuka kwa mlima kumekuwa sababu ya kuuza tikiti.

Theluji ikipungua kwenye mita za chini, watu wenye pesa hawaendi mbali. Wanatafuta miji ya juu au yenye jina kubwa. Chamonix ina jina. Ndiyo maana bei ya nyumba haikushuka pamoja na barafu, na ndiyo maana baraza la mji limeshika sheria mpya haraka.

Je, itasaidia? Kwa sehemu. Sheria inagusa nyumba zitakazojengwa. Zile zilizopo, ambazo ndizo nyingi, mwenyewe anaweza kuziuza kwa mtu wa likizo mwingine kama jana. Uswisi ilitangulia njia hiyo: Machi 2012 wananchi walipiga kura kwamba katika kila mji nyumba za likizo zisipite asilimia 20. Chamonix imekwisha kupita kiwango hicho mara tatu na zaidi, kwa hiyo uamuzi wake unazuia kidonda kisipanuke bila kukiponya. Na viwanja ni vichache, hivyo nyumba mpya zitahesabika kwa makumi.

Wakati huo huo Olimpiki inarudi. Julai 2024 Ufaransa ilipewa Michezo ya Baridi ya 2030 kwa milima yake ya Alps, na mpango uliotolewa wakati huo uliweka michezo ya barafu Nice, mji wa pwani, na mingine katika vituo vya ski vya majimbo ya milima. Mashindano makubwa hayakupangwa Chamonix, ingawa ndiko yote yalikoanzia. Baadhi ya wenyeji wameona hilo kama dharau, wengine wamepumua: watazamaji wakija kwa wingi, vyumba vya wafanyakazi ndivyo vya kwanza kukodishwa kwa wageni.