Idi Amin Hakuwa wa Kuchekwa, Alikuwa wa Kushitakiwa

Limenifika kooni, nami sitalimeza. Siku hizi barazani kwetu Ngamiani, Tanga, mtu akitoa simu mfukoni kuonyesha kichekesho, mara nyingi kichekesho chenyewe ni Idi Amin, aliyekuwa rais wa Uganda. Amin anapiga kodiani, Amin anawafokea mawaziri wake. Simu inapita mkono kwa mkono, kahawa inapoa vikombeni, watu wazima na mvi zao wameshika mbavu. Ndugu zangu, mnamcheka nani? Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu.

Baadhi ya picha hizo zimekatwa katika filamu ya Barbet Schroeder ya mwaka 1974, iliyopigwa Uganda kwa ridhaa ya Amin mwenyewe. Hicho kikao cha mawaziri mnachokicheka, mmojawapo wa wanaolaumiwa ni waziri wa mambo ya nje, Michael Ondoga. Muda mfupi baadaye maiti yake ilikutwa katika mto Nile. Kisha filamu ilipoonyeshwa Ulaya na Amin akapata habari ya yaliyomo, aliwashika Wafaransa waliokuwa Kampala mpaka Schroeder akakubali kuondoa vipande asivyovitaka. Dhalimu mwenyewe alijua kwamba picha ni shahidi. Sisi tumemgeuza shahidi kuwa mchekeshaji.

Mtu huyu Septemba 1972 watu wake waliingia Mahakama Kuu ya Kampala wakamtoa Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka, naye hakurudi tena. Oktoba 1978 majeshi yake yakavuka mpaka, yakaikalia ardhi yetu yote iliyo kaskazini ya mto Kagera, yakaua, yakanajisi, yakaswaga ng'ombe. Daraja la Kyaka wakalilipua. Mwalimu Nyerere akatangaza kwamba uwezo wa kumpiga tunao, sababu tunayo na nia tunayo, na vijana wa kila mkoa, wa Tanga wakiwemo, wakapanda malori kwenda Bukoba. Kampala ikaanguka tarehe 11 Aprili 1979. Na Amin? Alikimbilia Libya, kisha Saudia, akaishi Jeddah miaka mingi akienda sokoni kama mstaafu yeyote, hata akafia hospitalini tarehe 16 Agosti 2003. Hakusimamishwa kizimbani hata siku moja.

Wapo wanaonijibu: mwacheni, maiti hasemwi, tena ni Mwislamu mwenzetu, hesabu yake iko kwa Mola. Hesabu ya Mola nani anaipinga? Lakini Mola huyohuyo ndiye aliyetuamrisha kusimamia uadilifu, ijapokuwa dhidi ya nafsi zetu na wazazi wetu. Na wale aliowaua, hawakuwemo waliokuwa wakisali kibla kimoja nasi? Ukimchekea nyani utavuna mabua, na mabua tumekwisha kuyavuna mara nyingi Afrika hii.

Watu wa Tanga hatuna udhuru wa kutojua. Huu ni mji wa mwandishi Shaaban Robert, ambaye katika kitabu chake Kusadikika alimsimamisha Karama mbele ya baraza ashitakiwe kwa kosa la kufundisha sheria. Na Pangani si mbali. Pale ndipo Abushiri bin Salim aliponyongwa tarehe 15 Desemba 1889, kwa kuwa aliwapinga Wajerumani waliokuja kuichukua pwani. Hermann von Wissmann, kamanda wao aliyeiteka Pangani na Tanga kwa mizinga mwaka huohuo, hakuulizwa na mtu. Alipandishwa akawa gavana, na Dar es Salaam akasimamishiwa sanamu. Sheria iliyomfikia mmoja tu kati ya wawili hao, mtu mzima anaiitaje sheria?

Wala msiniambie mkubwa hashitakiki. Hapo Arusha, Septemba 1998, mahakama ya Umoja wa Mataifa ilimpa kifungo cha maisha Jean Kambanda, aliyekuwa waziri mkuu wa Rwanda wakati wa mauaji ya kimbari, baada ya kukiri. Hissène Habré, aliyekuwa rais wa Chad, alihukumiwa Dakar mwaka 2016, na waliomfikisha huko ni wajane na wafungwa wa zamani waliokataa kunyamaza kwa miaka zaidi ya ishirini. Na mwaka 2010 mataifa yalipokaa kukubaliana juu ya kosa la kiongozi anayeivamia nchi nyingine, yalikaa Kampala, mji uleule ambako Amin alitangaza kwamba Kagera ni yake.

Filamu inaweza kusaidia, ila itengenezwe kwa heshima. Mwaka 2012 Wamarekani walitoa filamu ya kutaka Joseph Kony, kiongozi wa waasi wa Uganda, akamatwe, ikatazamwa dunia nzima mara milioni mia kwa siku chache. Ilipoonyeshwa Lira, hukohuko Uganda, kwa watu aliowatesa Kony, walikasirika hata mawe yakarushwa, maana hawakuyaona mateso yao humo. Walimwona Mmarekani na mwanawe. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake.

Na hizi simu tunazomchekea Amin zimetutoa utu. Basi likipinduka njia ya Segera, majeruhi yuko chini anaomba maji, na waliomzunguka wamenyanyua simu wanampiga picha! Maiti ya mwenzio inafika kwenye simu ya mama yake kabla haijafunikwa kanga. Nyinyi watoto wa Tanga mnaosifiwa adabu kote nchini, adabu gani hii?

Lakini kamera za simu hizohizo zina kazi. Wazee waliovuka Kagera na bunduki wangali wanaishi mitaani mwetu, Makorora na Usagara, Muheza na Korogwe, wengine macho yameshaingia ukungu. Kijana mwenye simu na akae na mmoja wao, amwachie aseme mpaka amalize, amwulize ni kijiji gani, siku gani, nani aliuawa na nani aliyetoa amri. Aandike majina, aweke na tarehe, na nakala apeleke Makumbusho ya Taifa.