Kuskani ni kukabidhi ufunguo, na tuseme hivyo

Wahenga walinena kwamba siri ya mtungi aijuaye ni kata. Katika zama zetu hizi mtungi ni simu ya mkononi. Humo mna mazungumzo ya ndoa, madeni, majibu ya hospitali, bei za samaki na majungu ya ukoo. Kata nayo ni tarakilishi ambayo, kwa kuelekezewa kamera ya simu mara moja tu, huchota yote yaliyomo. Linalonishughulisha leo ni neno tunalolitumia kulitaja tendo hilo la kuchota, kwa kuwa naamini neno hilo linatuficha jambo zito.

Hebu tutazame linavyotendeka. Mtu atakaye kuitumia WhatsApp kwenye tarakilishi hufungua ukurasa wake, na papo hapo huchomoza kwenye kioo mraba uliojaa vidoa vyeusi na vyeupe. Hamna humo hata neno moja lisomekalo kwa macho ya binadamu. Huichukua simu yake, akaielekeza kamera kwenye mraba ule, na kufumba na kufumbua mazungumzo yake yametanda kwenye kioo kikubwa. Mraba huo ndio msimbo wa QR. Ulibuniwa nchini Japani mwaka 1994 na Masahiro Hara pamoja na wenzake katika kampuni ya Denso, ili kurahisisha ufuatiliaji wa vipuri vya magari. WhatsApp ilipoanzisha huduma yake ya tarakilishi mwaka 2015, iliufanya mraba huo kuwa mlango wa kuingilia.

Hapa ndipo macho yanapotuhadaa. Simu inaonekana kana kwamba ndiyo inayosoma, yaani ndiyo inayopokea kitu kutoka kwenye tarakilishi. Kumbe mamlaka yanakwenda upande wa pili. Mraba ule ni ombi. Tarakilishi inabisha hodi, ikijitambulisha kwa alama zake. Simu inapousoma mraba na mwenyewe akakubali, huwa imejibu, “Karibu, ingia.” Mwanafalsafa Mwingereza J. L. Austin alitufunza kwamba zipo kauli ambazo kuzitamka ndiko kutenda: bwana arusi anenapo “nimekubali”, hasimulii ndoa, anaifunga. Kuskani ni kauli ya namna hiyo hiyo, ila ni kauli isiyotamkwa. Mtu hutoa idhini kubwa pasi na kufungua kinywa, na aghalabu pasi na kujua kwamba ameitoa.

Chukua mfano wa kisiwa cha Takawiri, kilichoko ndani ya Ziwa Viktoria katika Kaunti ya Homa Bay, jirani na Mfangano. Wakazi wa huko huishi kwa mbuta, ngege na omena, na lugha zao ni Dholuo na Olusuba. Tuseme katibu wa kikundi cha akina mama wauza samaki anavuka kwa mashua hadi Mbita ili akachapishe kumbukumbu za mkutano zilizomo katika WhatsApp yake. Kijana wa saiba anamgeuzia kioo na kumwambia, “Skani hapa, mama.” Anaskani, karatasi zinachapishwa, analipa, anarudi ufuoni kuiwahi mashua. Hakuna aliyemwambia kwamba mlango alioufungua haujifungi anapoondoka. Tangu mwaka 2021 huduma hii ilipofanyiwa mabadiliko, si lazima tena simu iwe karibu wala iwe imewashwa ndipo tarakilishi ipokee ujumbe. Mama yule aweza kuwa amekwisha kufika Takawiri, simu yake imezimika kwa kukosa chaji, na bado mtu aliyeketi Mbita akawa anasoma ujumbe anaoandikiwa na mwanawe, na hata kuomba fedha kwa jina lake. Maji yote ya ziwa hayatoshi kuwatenganisha.

Sasa tulirudie neno. Sina ugomvi na kukopa. Kiswahili kilikopa “meza” kwa Wareno na “shule” kwa Wajerumani, wala hakikudhoofika. “Kuskani” ni neno jepesi, limekwisha kukubali viambishi vyetu, na vijana wanalinyambua watakavyo. Kasoro yake ni kwamba linataja mwendo wa kamera na kunyamazia matokeo yake. Ni sawa na kumwambia mtu “sogeza kalamu” ilhali anatia sahihi hati ya shamba.

Wafasiri nao hawakutufaa sana. Katika baadhi ya tafsiri za Kiswahili za programu za simu tunaambiwa “changanua msimbo wa QR”. Mwanafunzi yeyote wa sekondari nchini Kenya akilisikia neno “changanua” hukumbuka sentensi, jedwali na matawi, kwa maana kuchanganua ni kukigawa kitu katika sehemu zake ili kukielewa. Anayeelekeza kamera kwenye mraba hachanganui chochote. Yaani tumetoka kwenye neno la kigeni linalonyamaza, tukaingia kwenye neno la Kiswahili linalopotosha.

Linganisha na jambo ambalo lugha ililitenda vyema. M-Pesa ilipoanza mwaka 2007, mamilioni ya watu wasiopata kuwa na akaunti ya benki walifunzwa kuwa na “nambari ya siri”. Onyo limo ndani ya jina lenyewe. Bibi asiyejua kusoma huelewa siri ni nini na hufichwa nani. Matapeli hawakukoma, hilo nalikiri, lakini kila tapeli hulazimika kwanza kupambana na neno hilo. Msimbo wa QR ni ufunguo usiokuwa na neno la kuulinda.

Wako watakaosema kwamba natilia chumvi. Watasema njia hii ni salama kuliko nywila, kwa kuwa hakuna herufi za kuchunguliwa begani wala za kusahaulika. Ni kweli, nami naikubali hoja hiyo. Watasema pia kwamba hata wasomi wa lugha za watu hudanganyika. Hilo nalo ni kweli: mwezi Februari 2025 watafiti wa Google walieleza jinsi wadukuzi wanaoegemea Urusi walivyotumia misimbo ya hila kuunganisha akaunti za Signal za walengwa wao, wakiwemo wanajeshi wa Ukraine, na vifaa vyao wenyewe. Neno zuri haliwezi kuzuia kila hila. Hata hivyo, ikiwa mlengwa mwenye mafunzo ya kijeshi hunaswa, sembuse mama wa Takawiri ambaye hata onyo hapewi kwa lugha anayoielewa?

Tena hili ni suala la haki. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika Kifungu cha 31, inalinda faragha ya mawasiliano ya kila mtu. Kifungu cha 46 kinampa mtumiaji haki ya kupata habari zinazohitajika ili anufaike kikamilifu na huduma. Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019 nayo inataka ridhaa iwe ya mtu aliyefahamishwa. Ridhaa ya mtu asiyejua kwamba ameridhia ni ridhaa gani?

Napendekeza mambo matatu. Kwanza, wafasiri na wanahabari watenganishe matendo mawili: kamera “husoma” msimbo, lakini mwenye simu “hukabidhi ufunguo” au “huruhusu kifaa”. Kioo kiseme wazi: “Ukisoma msimbo huu, kifaa hiki kitaona mazungumzo yako hadi utakapokiondoa.” Pili, onyo hilo litolewe pia kwa lugha za wenyeji, na redio za jamii za kanda ya ziwa zina uwezo wa kulifikisha katika kila kisiwa. Tatu, wenye saiba wawe na desturi ya kumwonyesha mteja, kabla hajaondoka, mahali katika simu yake palipoorodheshwa vifaa vilivyounganishwa, naye akiondoe mwenyewe. Anayetaka kuchapisha karatasi moja tu yafaa aitume karatasi hiyo peke yake, asiufungue mtungi mzima.

Nawe msomaji, kabla hujalala leo, ifungue orodha hiyo katika simu yako. Ukikuta humo kifaa usichokitambua, kiondoe papo hapo, kisha umfundishe mzazi wako kufanya vivyo hivyo, kwa lugha aliyokulea nayo.