NANI ATAKATA MANENO YETU?



Sisi wa mwaka wa sita watu wanatuuliza kila siku: baada ya Diploma mutafanya kazi gani? Jibu ni lile lile: munganga, avoka, enjenyeri. Leo tunapenda kutaja kazi ingine, ambayo wengi hawajui hata kama iko: kazi ya yule anayekata na kuunganisha filme za mambo ya kweli. Wanamwita montere.

Wengi wanafikiri kama mwenye kamera ndiye anafanya filme. Hapana. Yeye analeta masaa na masaa ya picha, na saa moja tu ya sinema, kwa picha 24 kila segonde, ni picha 86.400. Montere anakaa nazo miezi mingi, anatazama zote, anaandika katika kaye, kisha anatupa sehemu kubwa. Zamani alikata na kubandika kwa mikono: katika filme «L'Homme à la caméra» ya Dziga Vertov (1929) tunamwona bibi yake, Elizaveta Svilova, mezani akiifanya kazi hiyo. Leo ni ordinatere, lakini macho yanachoka vile vile.

Tena ni kazi ya hatari. Mwalimu akisema: «Sitawapa konji kama hamujamaliza kusafisha kiwanja», kata nusu ya mwisho, inabaki: «Sitawapa konji.» Sauti ni yake, kinywa ni chake, na uongo ni wa nani? Sisi tunaosikiliza mabishano ya internat kila juma, tunajua ginsi neno lililokatwa linawasha moto.

Ndiyo sababu tunasema filme za inchi yetu zinahitaji wakataji wa inchi yetu. Mgeni asiyejua luga anafuata tafsiri kwenye karatasi. Mzee wa kwetu akisema «Tutaona», karatasi itaandika «tutaona», lakini sisi tunajua amekwisha kataa. Akinyamaza kidogo mbele ya kujibu, mgeni ataona ni nafasi ya bure, ataitoa. Kumbe jibu lilikuwa mle! (Hatusemi wageni ni wabaya. Wako wanaokata vizuri sana.)

Na inawezekana. Dieudo Hamadi, aliyezaliwa Kisangani mwaka 1984, alianza na masomo ya unganga, kisha akajifunza kutengeneza filme na kuzikata. Filme yake «Examen d'État» (2014) inafuata wanafunzi wa Kisangani waliofukuzwa shuleni kwa kukosa feza, wakaenda kujitayarisha pamoja katika nyumba moja. Sisi wafinaliste hatuhitaji kuelezwa uchungu ule.

Wazazi watauliza: inalipa? Mara nyingi si mshahara wa kila mwezi. Unaitwa filme ikiwako, tena unaanza kama msaidizi tu.

Siku ya proklamasio wenye kamera wanakujaka hapa, filme inakatwa mjini, na mwisho tunaona wakubwa tu wakisalimiana. Tunaomba Bwana Prefe aruhusu wanafunzi wawili wakae karibu na yule anayekata, hata siku tatu za konji. Seksioni yoyote, mabinti vile vile. Wanaotaka walete majina kwetu mbele ya siku ya ine.